Bei ya Kerezo Kuukuu

Wengi wenu mnaopita karibu na karakana ya vyuma hamjui kwamba ile mashine kubwa ya kijani iliyo pembeni nusura iondoke hapa muhula uliopita. Alikuja mnunuzi wa vyuma chakavu, akaizunguka mara mbili, akaigonga kwa kiatu, akataja bei: shilingi 800 kwa kilo. Alikisia kilo 600, basi jumla yake shilingi 480,000. Bweni letu moja linavuja, na walio wengi waliona kuwa fedha hizo ni bahati. Mwalimu wetu wa karakana aliomba bodi ya shule ingoje hadi kikao kijacho, kisha akatugeukia sisi wa Kidato cha Nne, akasema, "Nendeni mkajue kerezo hupataje bei yake." Haya ndiyo tuliyoyapata.

Kwa wale wasioijua, kerezo ni mashine ya kukerezea vyuma. Hukizungusha kipande cha chuma kwa nguvu, na kisu kilichofungwa imara hukichonga mpaka kiwe mviringo wa kipimo kinachotakiwa. Ekseli, bushi, puli na skrubu kubwa hutengenezwa hivyo. Yetu ni ya mkono, maana yake fundi mwenyewe huzungusha magurudumu madogo ya kukiongoza kisu, hakuna kompyuta. Bamba lake limeandikwa Colchester Student, nayo iliundwa Uingereza. Kwa hiyo tulianza kwa kulichungua soko la huko, kwa kuwa mashine za namna hii bado huuzwa na kununuliwa kwa wingi katika nchi ile.

Colchester ni mji ulio mashariki mwa Uingereza, na kiwanda cha kerezo kilianzishwa huko mwaka 1887. Katika miaka ya 1950 kilinunuliwa na George Cohen, Sons and Company, kampuni ambayo ilianza mwaka 1834 kwa kufanya biashara ya vyuma chakavu. Niliposoma hayo nilicheka peke yangu: mwenye chakavu wa kule aliona faida ya kuunda kerezo, wa kwetu anataka kuziyeyusha. Student ziliingia katika shule, vyuo na viwanda vingi. Baadaye, tangu miaka ya 1970, viwanda vingi vya Uingereza vilifungwa, na vilivyobaki vikageukia mashine zinazoongozwa na kompyuta. Kerezo za mkono zikamwagika sokoni, nazo bei zikashuka.

Mtu angedhani kwamba katika soko kama hilo mashine kubwa itakuwa ghali na ndogo itakuwa rahisi. Sivyo hata kidogo. Iko kerezo ndogo iitwayo Myford, iliyokuwa ikiundwa Beeston karibu na Nottingham. Ile ya ML7 ilitoka mwaka 1946, na Super 7 ikafuata miaka michache baadaye. Hiyo huzungusha chuma cha kipenyo cha inchi 7 hivi tu, ilhali Student huchukua karibu mara mbili ya hapo. Hata hivyo Super 7 iliyotunzwa vizuri huuzwa mara nyingi kwa fedha nyingi kuliko Student.

Sababu kubwa ni umeme. Nyumba za Waingereza kwa kawaida zina umeme wa njia moja, na mota ya Student huwa ya njia tatu. Anayeinunua kwa ajili ya nyumbani hana budi kununua na chombo cha kubadili umeme, na gharama hiyo huiondoa katika bei kabla hajafungua mkoba. Sababu ya pili ni uzito. Student ina uzito unaozidi nusu tani, haiingii bustanini bila winchi, lakini Myford waweza kuifungua vipande ikabebwa na watu wawili. Na wanunuzi wengi siku hizi ni wastaafu wanaounda injini ndogo za mvuke katika vibanda nyuma ya nyumba zao. Kiwanda cha Beeston kilifungwa mwaka 2011, lakini hamu ya watu haikufungwa pamoja nacho.

Mashine za viwandani huuzwa sana kwa mnada, na hapo mgeni aweza kuumia. Tuseme nyundo imegonga kwenye pauni 1,000, na mnadi hutoza asilimia 15 juu yake. Hizo ni 1,150. Mara nyingi huongezwa kodi ya mauzo ya asilimia 20 juu ya zote mbili, zikawa 1,380, na bado hujalipa mtu wa kuipakia garini. Kwa hiyo muuza duka anapotaja bei iliyo juu ya ile ya mnada, si lazima awe mwizi. Ameibeba, ameisafisha, na atakuwashia uone inavyozunguka.

Jambo jingine ni inchi. Student za zamani zina skrubu ndefu ya kipimo cha inchi. Ili ikate skrubu za milimita barabara, yatakiwa gia yenye meno 127. Kwa nini 127? Inchi moja ni milimita 25.4, na 25.4 ni sawa na 127 kugawanywa kwa 5. Nayo 127 haigawanyiki kwa namba yoyote ila moja na yenyewe, basi hakuna gia ndogo itakayotoa jibu kamili. Mashine iliyopoteza gia hiyo hupungua thamani, maana mnunuzi atahangaika kuitafuta. Vivyo hivyo chaki, yaani taya zinazoshika chuma, na vifaa vingine vinavyokuja nayo. Mwalimu alipouliza bei ya chaki mpya mjini, ilikaribia nusu ya zile shilingi 480,000.

Baada ya kujua hayo, tulirudi kwa mashine yetu. Kilicho muhimu kuliko vyote ni kitanda, yaani zile reli za chuma cha kusubu ambazo kisu husafiri juu yake. Hulika karibu na chaki, kwa sababu kazi nyingi hufanyika hapo, na ukipitisha ukucha utasikia ngazi ndogo pale chuma kilicholika kinapokutana na kisicholika. Kwetu ngazi ipo, lakini ni nyembamba. Tulikereza nondo ya milimita 150 tukaipima ncha zote mbili kwa maikromita: tofauti ilikuwa milimita 0.05. Kwa bushi za mikokoteni na puli za mashine za kusaga unga, hiyo si kitu. Taya za chaki zimechoka, hilo hatukulificha. Na ule umeme wa njia tatu unaowasumbua wastaafu wa Uingereza, karakana yetu inao tayari, kwa ajili ya mashine ya kuchomelea.

Gia tulizikuta ndani ya sanduku chini ya rafu, zimeganda kwa grisi kuukuu. Kijana mmoja wa Kidato cha Pili alihesabu meno ya ile kubwa mara tatu, akitia alama ya choko kwenye jino la kwanza. Ni 127.

Tumeyaandika yote haya katika karatasi mbili na kumkabidhi mwalimu ayapeleke kwenye bodi. Mnunuzi wa chakavu amekwisha piga simu mara mbili. Safari ya pili alipandisha hadi shilingi 850 kwa kilo.