Nyigu Akikuuma: Tazama Mwili Mzima

Kuanzia Septemba, mabibo yanapodondoka na kuanza kuchacha chini ya mikorosho, nyigu hufuata utamu wake. Waokota korosho wa Ufukoni na Msimbati mkoani Mtwara, hadi vijiji vya mdomoni mwa Ruvuma, huumwa mikononi na miguuni. Wengine huumwa nyumbani, kwa kuwa nyigu hupenda kujenga kwenye upenu wa makuti. Usichome kiota hicho kwa moto, nyumba itateketea. Zimamoto wanapatikana kwa namba 114.

Nyuki huacha mwiba mwilini. Nyigu haachi, kwa hiyo huuma tena na tena. Kwanza ondoka hapo. Vua pete na bangili kabla mkono haujavimba, osha kwa maji na sabuni, kisha weka kitambaa chenye maji baridi. Parasetamoli hutuliza maumivu. Mafuta ya taa hayasaidii, na wembe huleta kidonda kingine. Uvimbe wa hapo hapo ukiongezeka kwa siku 2 ndipo upungue, usitishike.

Lakini usipime hatari kwa ukali wa maumivu. Tazama sehemu ambazo hazikuumwa. Mtu kaumwa kidoleni, mara anawashwa mwili mzima, anatoka vipele, midomo au ulimi unavimba, sauti inakauka, anapumua kwa shida, anatapika au anazirai. Huo ni mzio mkali. Huanza ndani ya dakika chache, mara nyingi kabla ya saa 1 kupita, na unaua. Dawa yake ni sindano ya adrenalini, inayodungwa pajani. Vidonge vya mzio havitoshi. Mlaze, umwinue miguu. Anayehema kwa shida mkalishe. Asitembezwe hata akisema ana nafuu. Baada ya sindano abaki chini ya uangalizi, kwani dalili huweza kurudi saa kadhaa baadaye.

Asisubirishwe nyumbani pia aliyeumwa mdomoni au kooni, labda kwa kunywa soda iliyoingia nyigu, wala aliyeumwa mara nyingi, hasa mtoto. Sumu nyingi huharibu figo. Mkojo ukiwa mweusi kama chai ya rangi, nenda hospitali siku hiyo hiyo.

Hospitali ya Rufaa ya Ligula iko Mtwara mjini, na mzio hausubiri gari wala kivuko cha Msangamkuu. Kaya iliyo mbali iulize mapema, kabla ya msimu, ni zahanati gani ya jirani yenye sindano ya adrenalini, na usiku nani ataifungua.