Mama Aliyemfuata Mwanawe Tokyo: Somo la Upweke

Mwaka 1936 Yasujiro Ozu wa Japani alitoa filamu yake ya kwanza yenye sauti, Mtoto wa Pekee. Tumeichagua kwa somo hili kwa sababu kisa chake kingeweza kutokea Iramba au Manyoni.

Otsune ni mjane anayefanya kazi katika kiwanda cha hariri huko Shinshu. Mwalimu anamshawishi amwendeleze kimasomo mwanawe, Ryosuke. Mama anakubali, na ili kumsomesha anauza nyumba na mashamba ya miforosadi. Kwetu huuzwa ng'ombe, au magunia ya alizeti.

Miaka mingi baadaye anasafiri kwenda Tokyo. Huko anakuta mambo asiyowahi kuambiwa: mwanawe ana mke na mtoto mchanga, anafundisha shule ya usiku kwa mshahara mdogo, na anaishi pembezoni mwa jiji. Hata yule mwalimu yuko huko, anauza nyama ya nguruwe ya kukaanga. Ryosuke anakopa fedha amtembeze mama, anampeleka sinema, na mama anasinzia kitini. (Hapo mafrateri walicheka.)

Tuangalie usiku ule mama anapomkemea kwa kukata tamaa. Ndipo anapofichua kwamba nyumba haipo tena. Wote wanalia, kisha Ozu anatuonyesha kona tupu ya chumba, kwa muda mrefu. Wanalala chini ya paa moja, lakini aibu imewatenga: mwana anaficha umaskini wake, mama anaficha gharama aliyolipa.

Katekisimu, namba 2218, inawataka watoto waliokua wawasaidie wazazi katika uzee, ugonjwa na pia upweke. Hilo la mwisho tunalipuuza, maana kutuma fedha kwa simu ni rahisi kuliko kusema ukweli. Nasi seminarini tunalijua: kijana aliyeacha masomo ya upadre huogopa kupanda basi la kurudi kijijini, ilhali mama yake anamngoja.

Kinachomfurahisha Otsune hatimaye si cheo. Mtoto wa jirani anapigwa teke na farasi, na Ryosuke anampa mama wa mtoto fedha alizokuwa nazo. Otsune anaona fahari. Lakini akirudi kiwandani anamwambia mwenzake kwamba mwanawe amekuwa mtu mkubwa, kisha anatoka nje, anakaa peke yake, na uso wake unabadilika.

Kwa majadiliano: je, Otsune alimdanganya mwenzake?