SOMO LA SHAMBANI: JANI LA KIJIVU KATIKA GOME LA MKARAFUU



Mara nyingi twaulizwa juu ya vile viraka vya kijivu, mfano wa majani yaliyokunjamana, viotavyo juu ya gome la mikarafuu. Baadhi ya wenzetu huvikwangua kwa panga wakidhani kuwa vyanyonya mti. Yafaa basi tuvijue.

Kiraka hicho si jani wala si ugonjwa. Wataalamu hukiita likeni. Ni viumbe viwili vikaavyo nyumba moja: kuvu, ambayo hujenga nyumba na kuhifadhi maji, na mwani mdogo usioonekana kwa macho, ambao hutengeneza chakula kwa mwanga wa jua.

Ziko aina nyingi. Leo twasoma moja iliyo kubwa, ipatikanayo nchi nyingi za joto pamoja na Afrika Mashariki. Jina lake la kitaalamu ni Parmotrema tinctorum. Dalili zake ni hizi:

1. Rangi yake ni kijivu cheupe ikiwa kavu. Ikilowa huelekea kijani. Ncha zake ni pana na za mviringo, kadiri ya sentimita 1 hadi 2, nazo zimenyanyuka kidogo, hazina nywele.

2. Ukiipapasa katikati utahisi chembe ndogo ndogo. Chembe hizo zikivunjika na kupeperushwa huota mahali pengine.

3. Igeuze. Chini ni nyeusi, ila ukingoni ni hudhurungi tupu, bila vijizizi.

4. Kwaruza kidogo juu mpaka uone weupe wa ndani, kisha tia tone la dawa ya klorini ya kufulia nguo nyeupe. Weupe ukigeuka mwekundu mara moja, hiyo ndiyo yenyewe. Jihadhari na macho.

Ikiwa imegandamana na gome hata ukucha haupenyi, na ncha zake ni nyembamba, hiyo ni aina nyingine.

Vijizizi vya likeni hushika gome la nje tu. Havinywi maji ya mti. Mwenye shamba huiona kwa wingi katika mti uliopukutika majani kwa kuwa mwanga umeingia. Mti uliugua kwanza, likeni ikastawi baadaye.

Madhara yamo katika panga. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, watafiti Nutman na Roberts walieleza kuwa ugonjwa wa kukauka matawi ya mikarafuu Unguja na Pemba waletwa na kuvu iingiayo penye jeraha. Kila gome lililochubuliwa ni mlango uliofunguliwa.

Kwa hiyo twawaomba wanachama waiache likeni mahali pake. Mti ukidhoofika, tazameni matawi yaliyovunjika wakati wa kuchuma. Lililokauka likatwe mpaka kwenye mti mzima usio na doa. Na vijana wetu wa shamba waambiwe hivyo kabla ya msimu.

Katibu