Somo la Jikoni: Sandwichi Ndani ya Bakuli la Tambi



Somo la wiki hii tutalifanyia jikoni. Mwishoni mwanafunzi awe na vitu viwili: bakuli la saladi ya tambi baridi, na maneno ya kutosha kumweleza bibi au babu kwa simu jinsi alivyoitengeneza, bila mama kushika simu amsaidie.

Watoto wetu wengi wanasalimia vizuri. Shikamoo, marahaba, hamjambo huko, hatujambo. Baada ya hapo maneno yanakwisha na simu inarudi kwa mama. Mtoto anampenda bibi yake, ila hana la kumwambia. Anayebisha hodi na kukaribishwa inafaa aingie akae, na jambo rahisi la kukaa nalo ni chakula. Hakuna bibi asiyetaka kujua mjukuu wake amekula nini.

Nimechagua saladi hii kwa sababu tatu. Mtoto anaweza kufanya sehemu kubwa kwa mikono yake. Vitu vyake ni vile anavyovijua kwenye sandwichi ya shuleni: nyama, jibini, nyanya, majani ya saladi na mkate. Na ndani yake mna kachumbari, ambayo sisi sote tumekua nayo.

NENO LA WIKI: TAMBI

Tambi ni neno la wingi: tambi hizi, tambi zangu. Wazee wanajua pia utambi wa taa ya mafuta, na wingi wake ni tambi vilevile. Wengine nyumbani husema makaroni au spageti. Wenzetu Wasomali husema baasto, neno walilolipata kwa Waitaliano waliotawala kusini mwa Somalia, na wengi wao hula tambi pamoja na ndizi mbivu. Pwani ya Kenya, Tanzania bara na Zanzibar, tambi nyembamba hupikwa kwa sukari, nazi, hiliki na zabibu kavu, hasa wakati wa Ramadhani na Idi. Kwa hiyo bibi akisikia "tambi" huenda akafikiria utamu. Mtoto ajiandae kumweleza kwamba hizi ni za chumvi na siki.

Na hapa tulipo ni nyumbani kwa ngano. Kuanzia 1880 hadi 1930 Minneapolis iliongoza Marekani nzima kwa kusaga unga, kwa nguvu ya maji ya maporomoko ya St. Anthony. Magofu ya kinu kimoja kikubwa, Washburn A, sasa ni makumbusho ya Mill City. Ngano ngumu inayotengenezewa tambi hulimwa kwa wingi kwa jirani zetu wa North Dakota.

MAHITAJI (watu 8)

- Tambi fupi zilizosokotwa, ratili 1 (gramu 454). Ratili ndilo neno la zamani la kipimo kinachoandikwa kwenye pakiti za hapa.
- Nyama ya bata mzinga iliyokwisha kupikwa, nusu ratili. Kuku wa kuoka au jodari wa makopo 2 wanafaa pia. Familia za Kiislamu zitazame alama ya halali.
- Jibini, robo ratili
- Nyanya 3, tango 1, kitunguu chekundu 1
- Majani ya saladi yaliyokatwakatwa, vikombe 2
- Mkate, slesi 3
- Mayonezi, nusu kikombe
- Siki, vijiko 3 vya chakula
- Mafuta ya zeituni, vijiko 2 vya chakula
- Limau 1, kitunguu saumu punje 1
- Sukari, kijiko 1 cha chai. Chumvi na pilipili manga
- Giligilani kidogo. Kenya wanaiita dania, na Zanzibar utasikia kotmiri.

NAMNA YA KUTAYARISHA

1. Osha mikono kwa sabuni kwa sekunde 20. Osha nyanya, tango na majani.

2. Chemsha maji lita 4 na kijiko 1 cha chakula cha chumvi. Yakitokota, tia tambi. Zipike kwa dakika zilizoandikwa kwenye pakiti, kisha ongeza dakika 1, kwa sababu tambi zikipoa huwa ngumu kidogo.

3. Zichuje, zimwagie maji baridi mpaka zipoe, halafu ziache zichuruzike vizuri. Maji yakibaki, saladi itakuwa chapachapa.

4. Kata kitunguu vipande vyembamba. Kitie chumvi, kifikiche kwa mkono, kisha kisuuze kama tunavyofanya kwa kachumbari. Ukali unapungua na watoto wanakula bila kulalamika.

5. Kata nyanya, toa mbegu na majimaji. Menya tango ulikate. Kata nyama na jibini vipande vidogo.

6. Kata mkate vipande vya mraba. Uoke katika oveni yenye joto la digrii 350 za Fahrenheit (kama 175 za Selsiasi) kwa dakika 10 hivi, mpaka ukauke na kubadilika rangi.

7. Kwenye kikombe changanya mayonezi, siki, mafuta, maji ya limau, kitunguu saumu kilichopondwa, sukari na pilipili manga. Huu ndio mchuzi wa saladi.

8. Changanya tambi, nyama, jibini, kitunguu, nyanya na tango. Tia nusu ya mchuzi, funika, weka kwenye friji kwa saa 1.

9. Wakati wa kula, tia mchuzi uliobaki, kwa kuwa tambi zitakuwa zimeunywa ule wa kwanza. Tia majani na giligilani. Onja chumvi. Mkate uweke juu mwisho kabisa, usije ukalowa.

Wenye miaka 5 hadi 7 waoshe na kuchana majani. Wa miaka 8 hadi 11 wapime, wakamue limau na wachanganye. Kisu, oveni na sufuria ya moto ni kazi ya wakubwa, au ya watoto wa miaka 12 na zaidi wakiwa na mzazi kando.

SARUFI: KIKATE, ZICHUJE, LIMENYE

Jikoni kitu kiko mbele yako, hurudii jina lake kila mara. Kiswahili kinaweka kitu hicho ndani ya kitendo, na -a ya mwisho inakuwa -e.

- Kata kitunguu. Kikate.
- Kata vitunguu. Vikate.
- Chuja tambi. Zichuje.
- Menya tango. Limenye.
- Menya matango. Yamenye.
- Oka mkate. Uoke.
- Kata nyama. Ikate.

Ukiwaambia watu wengi, ongeza -ni: Zichujeni. Vikateni.

Sasa jambo la adabu. Amri hizi ni za mkubwa kwa mdogo, au za watoto kwa watoto. Mtoto hamwambii mama yake "Chuja tambi." Atasema: "Mama, naomba unichujie tambi," au "Mama, tafadhali nisaidie kuzichuja." Wazazi, mtoto akitoa amri kavu msimkemee. Mara nyingi anatafsiri kutoka Kiingereza, na hajui kwamba kwetu inasikika vibaya. Msemeeni sentensi nzuri, naye airudie.

TUHIFADHI CHAKULA VIZURI

Kazi yangu ya siku za wiki ni uuguzi, kwa hiyo hapa nitasisitiza. Msimu wa pikniki umeanza, na saladi kama hii hukaa juani pale Como au Minnehaha mchana kutwa. Watu hulaumu mayonezi. Mayonezi ya dukani ina siki ndani yake, na peke yake si rahisi bakteria kuzaliana humo. Wanapopenda zaidi ni kwenye nyama na kwenye tambi zilizopikwa. Baadhi ya bakteria wa tambi na wali huacha sumu ambayo haiondoki hata ukipasha moto tena.

Kanuni ni hizi. Friji iwe na digrii 40 za Fahrenheit (4 za Selsiasi) au chini yake. Saladi isikae nje zaidi ya saa 2. Joto likipita digrii 90 za Fahrenheit (32 za Selsiasi), isizidi saa 1. Bakuli liwe ndani ya sanduku lenye barafu, mpakue kidogo kidogo. Iliyopitisha muda imwagwe, hata kama inanukia vizuri. Najua kumwaga chakula kunatuuma, lakini mtoto akitapika usiku kucha kutatuuma zaidi. Na kabla ya kugawa, waulizeni wageni kama kuna asiyeweza kula ngano, mayai au maziwa.

KAZI YA NYUMBANI: MPIGIE BIBI

Tukisimulia yaliyopita, tunaanza na -li- kisha tunaendelea na -ka-: Nilichemsha tambi, nikazichuja, nikazipoza. Mfanye zoezi hili na mzazi kwanza.

Mjukuu: Shikamoo bibi.
Bibi: Marahaba mjukuu wangu. Umekula?
Mjukuu: Ndiyo bibi. Nimekula tambi nilizopika mwenyewe.
Bibi: Mashallah! Ulizitia nazi?
Mjukuu: Hapana bibi. Nilizichemsha, nikazichuja, nikazipoza kwa maji baridi. Kisha nikatia nyama, nyanya, kitunguu na siki.
Bibi: Tambi za baridi? Na siki?
Mjukuu: Ndiyo, ni kama sandwichi, lakini mkate uko juu. Na wewe bibi, tambi zako unazipikaje?

Swali hilo la mwisho msilisahau. Hapo bibi ndiye atakayeanza kusimulia, na mtoto atasikiliza Kiswahili cha kwao kwa dakika kumi bila kuambiwa kwamba ni somo. Familia zisizotumia shikamoo, kama nyingi za Kongo, zitumie salamu zao za nyumbani. Mtoto akikwama, mzazi amnong'oneze neno moja tu, asimalizie sentensi.

Angalieni saa. Kiangazi hiki Nairobi, Dar es Salaam na Zanzibar wametutangulia kwa saa 8. Goma na Bukavu kwa saa 7. Jumapili saa 4 asubuhi hapa, yaani simu ikiandika 10:00, ni saa 12 jioni Zanzibar na saa 11 jioni Goma. Ni wakati mzuri, watu wengi wako nyumbani.

Ambaye bibi na babu wametangulia mbele ya haki, ampigie shangazi, mjomba, au jirani mzee wa hapahapa Saint Paul. Wazee wa hapa nao hupitisha siku nzima bila kusemeshwa na mtoto.

Jumamosi ijayo kila mwanafunzi atuambie jambo moja alilojibiwa kuhusu tambi. Tutayaandika ubaoni yote, kwa majina ya miji yalikotoka.

Kazi njema, na mle salama.

Mwalimu wenu