Dondoo muhimu: Gharama kamili ya nyumba ya mkopo Mombasa

Kabla ya kutia sahihi mkopo wa nyumba kisiwani, iwe Kizingo, Tudor au Mji wa Kale, piga hesabu ya utakacholipa mpaka shilingi ya mwisho.

1. Usitazame malipo ya mwezi pekee: Sh5 milioni kwa riba ya asilimia 14 hurudi benki karibu Sh14.9 milioni baada ya miaka 20.
2. Fupisha muda ukiweza: kwa miaka 15 jumla hushuka hadi Sh12 milioni hivi, ukiongeza takriban Sh4,400 kwa mwezi.
3. Uliza kama riba inaweza kupanda, na kama kulipa mapema kuna faini.
4. Tenga pesa taslimu za ushuru wa stempu (asilimia 4 mjini), wakili, mthamini na bima.
5. Kagua hati kwanza: "nyumba bila ardhi" (unamiliki jengo tu, kiwanja ni cha mwingine) ni vigumu kukubaliwa na benki kama dhamana.
6. Kwa ardhi ya lizi, angalia imebakisha miaka mingapi na kama reti za kaunti zina malimbikizo.
7. Mji wa Kale ni eneo la hifadhi. Ulizia kibali na bei ya ukarabati kabla ya kununua.
8. Ukichagua murabaha (benki hununua nyumba na kukuuzia kwa faida badala ya kutoza riba), dai bei yote kwa maandishi na uilinganishe na jumla ya mkopo wa riba.
9. Usiache nafuu ya kodi: Mamlaka ya Mapato (KRA) huruhusu kuondoa riba ya hadi Sh360,000 kwa mwaka kwenye mapato yanayotozwa kodi, kwa mkopo wa nyumba unayoishi.