KUBISHA MILANGO YA WATU USIKU

Amma baad. Yameulizwa na ndugu zetu wa pwani waliokwenda Kahama na Geita kwa biashara ya dhahabu: je, yajuzu kufuatana na vijana wa mtaa wanaobisha vyumba vya wageni usiku, wakawatoa mwanamume na mwanamke wasiooana, wakawapiga na kuwatoza faini?

Jua ya kwamba asili ya ulinzi huo ni sungusungu, waliotokea Kahama na Nzega mwanzoni mwa miaka ya 1980 ili kuwazuia wezi wa ng'ombe. Na mwaka 1989 sheria ikawapa uwezo wa kukamata. Kulinda mali ni jambo jema. Walakini wengine walitoka katika zizi wakaingia chumbani, wakahukumu mambo ya ndoa na zinaa.

Faragha ya mwanamume na mwanamke asiye maharimu wake ni haramu, hapana shaka, hata wawe wameahidiana kuoana. Lakini haramu yao haimhalalishii jirani kudukiza ukutani. Mola amekataza upelelezi katika Suratul-Hujurat, aya ya 12, na kuingia nyumba za watu bila ya idhini katika Suratun-Nur, aya ya 27. Imamu Ghazali ameshurutisha kwamba ovu linalokatazwa liwe limedhihiri pasipo kupelelezwa. Akataja habari ya Sayyidna Umar, aliyepanda ukuta akamkuta mtu katika maasi. Yule mtu akamwambia kuwa yeye ameasi moja, na Umar ameasi matatu: amepeleleza, hakupita mlangoni, na ameingia bila ya idhini wala salamu. Umar akamwacha. Basi huyu kijana mwenye rungu na tochi ni nani?

Illa akisikika mwanamke anapiga kelele za kulazimishwa, hapo mlango huvunjwa wala haingojwi idhini.

Ama faini, hiyo ndiyo inayowatoa wengi vitandani, wala si dini. Mume na mkewe waliosafiri bila ya cheti watajiteteaje mbele ya kundi usiku wa manane? Na mwenye kumtuhumu mwanamke zinaa bila ya mashahidi wanne, haddi yake ni mijeledi 80. Kauli ya kutegemewa kwetu Mashafii ni kwamba haijuzu kuadhibu kwa kutwaa mali, hata kwa kadhi, seuze mtu wa mtaa. Aliyepata fungu lake katika fedha hizo amrudishie mwenyewe. Na akiwa amekwisha hamia machimbo mengine, amtafute. Akikata tamaa ya kumpata, azitoe kwa maslaha ya Waislamu, wala asile hata senti.