Alama Iliyohama: Nilivyobadilisha Puli ya Krenki ya Corolla Yangu

Corolla yangu ni AE101 ya mwaka 1994, injini 4A-FE, gia za mkono. Nimekaa nayo miaka tisa na nimepanda nayo mlima wa Kitonga mara nyingi, nikiwa na familia na magunia nyuma, bila kuhangaika. Safari moja ya kwenda Iringa mambo yakabadilika. Kona zilipoanza gari likawa zito kana kwamba limefungwa breki. Nikashuka hadi gia ya pili, na mshale wa joto ukapanda mahali ambapo sijawahi kuuona. Nilisimama pembeni nusu saa injini ipoe, malori yakinipita.

Siku nne kabla ya safari hiyo nilikuwa nimetegewa taimingi upya. Fundi alitumia taa, akazungusha distributa, akapata nyuzi 10 kama kitabu kinavyotaka. Kazi ilionekana safi. Kosa lilikuwa kwenye alama aliyoisoma, na alama hiyo iko kwenye puli ya krenki. Naandika haya kwa sababu wenye magari ya umri huu ni wengi, na sitaki mtu mwingine azunguke gereji tatu kama nilivyozunguka mimi.

Dalili zilikuwa zimeanza miezi mingi nyuma. Gari likiwa sailensi usukani ulitetemeka, ukikanyaga mafuta kidogo unatulia. Gereji ya kwanza waliniambia, "Kaka, maunti zimekufa hizo." Nikabadilisha maunti mbili. Mtetemo ukapungua kidogo, haukuisha. Kisha feni belti ikaanza kulia asubuhi. Nikaweka mpya, na baada ya wiki tatu ikawa imelika ukingo mmoja na kumwaga unga mweusi kwenye kava. Belti mpya ikilika upande mmoja, kuna puli haikai sawa. Nilipaswa kuuliza hapo hapo ni puli ipi, lakini nikanunua belti nyingine.

Ukiitazama puli ya krenki utadhani ni chuma kimoja. Ni vipande viwili. Katikati kuna kitovu kinachokaa kwenye krenki yenyewe, nje kuna duara zito lenye mifereji ya belti, na kati yao kuna pete ya mpira. Mpira huo una kazi. Krenki ni ngumu, lakini kila silinda inapochoma krenki hujipinda kidogo na kujirudisha. Injini ya silinda nne huchoma mara mbili katika kila mzunguko, kwa hiyo kwenye mizunguko 800 kwa dakika krenki inapigwa mara 1,600. Duara la nje kwa uzito wake, pamoja na mpira, humeza mapigo hayo. Mpira ukichoka mapigo yanabaki kwenye krenki, na wewe unayapokea kwenye usukani.

Mpira huuawa na umri, joto na mafuta. Gari la mwaka 1994 umri linao tayari. Mafuta hutoka kwenye sili inayovuja au kwenye pampu ya stelingi, na mara nyingi sana tunayapeleka wenyewe tunapoosha injini kwa dizeli au mafuta ya taa ili ing'ae. Mimi nilioshewa hivyo miaka yote. Sasa hivi mtu akikaribia injini yangu na kopo la dizeli namzuia.

Aliyenifungulia macho ni mzee mmoja mwenye gereji ndogo chini ya mwembe. Nilimwamkia, nikamweleza historia nzima, naye hakugusa spana. Aliinama upande wa tairi la mbele kulia, akamulika tochi, akasema, "Mwanangu, washa gari kisha uje uone hapa." Duara la nje lilikuwa likiyumba, linaingia na kutoka kama sahani iliyopinda. Kitovu kilikuwa kimetulia kabisa.

Basi anzia hapo: washa gari, simama pembeni, tazama ukingo wa puli kwa tochi. Nguo zilizolegea, lemba na shanga viwe mbali. Ukiona duara linayumba na kitovu kimetulia, umeshapata jibu. Zima, subiri ipoe, kisha chunguza mpira kwa jicho na kwa kucha. Mpira mzima ni laini kiasi na uko sawa na chuma. Uliokufa una nyufa, au umevimba na kutoka nje kama ubani uliotafunwa, au umekauka hadi kucha haiingii.

Kuna puli ambazo haziyumbi lakini duara limeteleza. Hizi ndizo mbaya zaidi kwa sababu hazionekani. Chukua rangi nyeupe, hata ya kucha inafaa, uchore mstari mmoja ulionyooka kuanzia kwenye kitovu, juu ya mpira, hadi kwenye duara. Tembea na gari wiki moja. Mstari ukikatika, kipande cha nje kikawa kimesogea, mpira haushiki tena.

Kama unasikia mlio na hujui unatoka wapi, fungua belti zote na uwashe injini kwa muda mfupi. Mlio ukipotea, huenda tatizo liko kwenye alteneta, pampu au kompresa. Ukibaki, rudi kwenye krenki. Usizidishe nusu dakika, maana kwenye 4A-FE pampu ya maji nayo inaendeshwa na belti ya alteneta, na bila belti maji hayazunguki.

Sasa kipimo ambacho kama kingefanywa kwangu kabla ya kutegwa taimingi, nisingesimama Kitonga. Kata ndogo inayosomwa kwa taa iko kwenye duara la nje. Kitovu ndicho kinachojua pistoni iko wapi. Belti zinalivuta duara nyuma muda wote, kwa hiyo likiteleza hubaki nyuma ya kitovu, na alama inabaki nyuma pamoja nalo.

Toa plagi ya silinda namba 1, ile iliyo karibu na upande wa belti. Ingiza kijiti kirefu kisichokatika kwa urahisi kikae juu ya pistoni, kikiwa huru kabisa. Zungusha krenki kwa mkono, kwa soketi namba 19 kwenye bolti ya puli, kuelekea mwelekeo wa mshale wa saa. Kijiti kitapanda, kitatulia, kitashuka. Usitegemee macho kukuambia juu penyewe ni wapi, kwani pale kileleni pistoni karibu haisogei kabisa ingawa krenki inaendelea kuzunguka. Kijiti kikiwa kimebakiza milimita 5 kufika kileleni, chora alama kwenye puli mkabala na 0 iliyo kwenye kava ya taimingi. Endelea kuzungusha mpaka kishuke milimita 5, chora ya pili. Katikati ya alama hizo ndipo pistoni inapokuwa juu, na kata ya kiwandani inapaswa kuwa hapo hapo.

Yangu ilikuwa nyuma kwa milimita 10. Kwenye puli yenye upana wa sentimita 14, milimita 1 ni karibu nyuzi 0.8, kwa hiyo alama ilipotea nyuzi 8. Fundi aliposoma nyuzi 10 kwa taa, moto ulikuwa unatoka nyuzi 2 tu kabla pistoni haijafika juu. Moto ukichelewa hivyo gari huwa zito, hula mafuta, na joto jingi huishia kwenye maji na ekzosi badala ya kusukuma pistoni. Ilinichukua jioni nzima kukubali kwamba taa ilikuwa sahihi, fundi alikuwa makini, na bado gari lilitegwa vibaya.

Kuhusu kununua nina msimamo. Dukani nilioneshwa puli ya mtumba kutoka Japani, chuma chake kizuri, bei ya chini. Lakini mpira wake una umri ule ule wa wangu, na umekaa kwenye rafu haujulikani umepitia nini. Kwa bodi, taa au mlango nanunua mtumba bila wasiwasi. Kwa kitu ambacho uhai wake ni mpira, nanunua kipya. Nenda na puli ya zamani mkononi. Hesabu mifereji ya belti, linganisha kina na upana, kisha uziweke moja juu ya nyingine, njia ya kii (kile chuma kidogo kinachoishikisha puli kwenye krenki) juu ya njia ya kii, uone kata ya alama imekaa wapi. Nilipofanya hivyo kaunta, kata mbili zilipishana upana wa kalamu, na muuzaji mwenyewe akaomba aione tena.

Kazi yenyewe ni ya nusu siku. Injini iwe baridi. Toa waya hasi wa betri. Legeza nati za tairi la mbele kulia, inua kwa jeki, weka stendi imara. Jeki peke yake si ya kuamini ukiwa umeingiza kichwa kwenye tairi. Toa tairi na plastiki ya pembeni, puli utaiona mbele yako. Piga picha jinsi belti zilivyopita, kisha legeza alteneta na vikazio vingine, uzitoe.

Bolti ya katikati ndiyo inayowashinda watu. Inafunguka kawaida, kinyume cha mshale wa saa, lakini krenki inazunguka nayo. Kwa gia za mkono, ingiza gia ya tano, rudisha nati mbili za tairi ili diski ikae vizuri, na mtu akanyage breki kwa nguvu zote. Mdogo wangu alikanyaga, mimi nikavuta mpini mrefu niliouongezea bomba la chuma, ikaachia kwa mlio mmoja mkali. Kwa gari la otomatiki njia hiyo haipo. Chonga bamba la chuma lenye matundu mawili, ulifunge kwa bolti kwenye matundu yenye uzi yaliyo kwenye kitovu cha puli, bamba hilo likushikie. Usifunge mnyororo kwenye duara la nje, utaumaliza mpira. Na wapo wanaoegemeza mpini kwenye chesisi kisha wanapiga stata ili injini ijifungue yenyewe. Sitaki kuiona njia hiyo karibu yangu. Mpini ukichomoka unavunja mkono.

Puli ikigoma kutoka, tumia pula inayoshika matundu yale mawili ya kitovu na kusukuma krenki katikati. Ile yenye kucha za kuvuta ukingo itakuachia duara mkononi na kitovu kikiwa bado kwenye krenki. Nyundo iache kwenye boksi.

Ikishatoka, tulia utazame. Kii ikae wima kwenye mfereji wake bila kucheza, na njia yake isiwe imetanuka. Kama bolti iliwahi kulegea, utaona imekwanguliwa. Tazama pia kama kuna mafuta mabichi chini ya kava. Kwenye injini hii sili ya mbele ya krenki iko nyuma ya gia ya taimingi belti, si nyuma ya puli moja kwa moja, kwa hiyo kuibadilisha ni lazima kava na taimingi belti vitoke. Yangu ilikuwa imelowa. Nikafanya yote siku hiyo, kwa sababu puli mpya kuwekwa chini ya sili inayovuja ni kuupeleka mpira mpya kwenye mafuta yale yale.

Kurudisha ni rahisi. Futa krenki, linganisha kii, sukuma puli kwa mkono hadi ikae, kisha bolti. Kipimo cha Toyota kwa 4A-FE ni Nm 118. Toki renchi ndiyo njia ya haki, na nyingi huazimishwa ukiuliza vizuri. Ili uelewe ukubwa wa nguvu hiyo, ni sawa na uzito wa kilo 12 ukining'inia kwenye ncha ya mpini wa mita 1. Wengi tunakaza kwa hasira kupita hapo, au tunaogopa na kuacha chini yake, na bolti iliyoachwa chini ndiyo inayokula kii.

Mwisho, taimingi, safari hii kwa alama ya kweli. Injini ipate moto wa kawaida, unganisha TE1 na E1 kwa waya mfupi kwenye kiboksi cha diagnosisi kilicho chini ya boneti, funga taa kwenye waya wa plagi namba 1, usome kata kwenye kava. Yangu ilisoma nyuzi 2, kama hesabu ilivyosema. Nikazungusha distributa taratibu hadi 10, nikakaza, nikatoa kiunganishi.

Nilichora mstari mweupe kwenye puli mpya kabla ya kufunga plastiki ya pembeni. Wiki mbili baadaye nilirudi Iringa na mzigo ule ule. Kitonga niliipanda kwa gia ya tatu, kona mbili tu zikataka ya pili, na mshale haukuvuka katikati. Nilipofika nilimulika tochi kwenye tairi la kulia. Mstari ulikuwa umenyooka.